Kurasa za Nyuma za Daftari

Ndugu msomaji, kabla sijamgusa mkubwa yeyote wa fasihi yetu, nianze na kosa langu mwenyewe, usije ukasema huyu kijana kazi yake ni kurusha mawe tu.

Bibi yangu mzaa mama alikuwa mwimbaji. Si mwimbaji wa kujulikana. Hakurekodi santuri wala kanda, na redio haikumtaja hata siku moja. Alikuwa muitikiaji katika kikundi cha taarab cha akina mama pale Tanga, na mara mojamoja, mwenye wimbo akiugua, yeye ndiye aliyeshika kipaza sauti. Alipofariki mwaka 2011 aliacha kaunta buku moja, jalada jeusi, mgongo mwekundu. Mbele zimeandikwa nyimbo, kwa mwandiko ule mkubwamkubwa wa kisomo cha watu wazima. Ukilipindua, nyuma kuna hesabu: mchele kilo ngapi, nazi ngapi, nani kachukua vitumbua hajalipa, nani katoa mchango wa sare na nani bado anapiga chenga.

Mimi wakati huo nilikuwa nimekwisha kujiona mwandishi. Nikalichukua daftari, nikakesha siku tatu, nikanakili nyimbo zote, beti kwa beti. Zile hesabu sikuzigusa. Za nini? Nani asiyejua kuwa vitumbua huliwa na deni hudaiwa? Kisha nikaandika makala ndefu, nikatoa fotokopi, nikawagawia ndugu siku ya arobaini. Humo nilimwita bibi nyota, nikamwita kinanda cha pwani, nikamwita mama wa mapambano. Mama mkubwa akaisoma yote, miwani puani, akanirudishia.

"Mwanangu, umeandika vizuri," akasema. "Lakini huyu mtu simjui. Mama yangu mimi alikuwa anapika vitumbua. Mbona humu hamna moshi?"

Nikacheka. Miaka michache baadaye nilikwenda kulitafuta lile daftari, nikakuta mchwa wamekwisha kulifanya udongo. Nyimbo ninazo. Nyingi kati ya hizo hata hivyo zinajulikana, wazee wa mtaani wanazo vichwani. Za nyuma ndizo zilizokuwa za daftari lile peke yake, na ndizo zilizokwenda.

Basi tangu siku ile, kila nikishika kitabu kinachohusu muziki au sanaa yetu, natafuta moshi. Na leo nataka tuvitazame vitabu vitatu vinne kwa jicho hilo. Najua shuleni tulifundishwa namna nyingine ya kuhakiki: fani na maudhui, dhamira, ujumbe, falsafa ya mwandishi, kufaulu na kutofaulu kwake, mwisho unapigiwa mstari. Sikatai, mtihani nilipita. Lakini katika visanduku vyote vile hakuna hata kimoja cha kuuliza: huyu mwimbaji asubuhi yake alifanya nini?

Tuanze na kitabu tukipendacho wote, *Wasifu wa Siti binti Saad* cha Shaaban Robert, kilichotoka kwa mara ya kwanza mwaka 1958. Kwanza nimpe mzee haki yake. Fikiri: mwanamke aliyezaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, baba Mnyamwezi, mama Mzigua, jina alilopewa ni Mtumwa, kazi yake kufinyanga vyungu na kuvitembeza. Hana mali, hana ukoo wa kutajwa, hakusoma. Watu wa namna hiyo waliandikiwa nini zamani? Hati za mahakama labda. Shaaban akamwona Siti katika siku zake za mwisho, kabla hajafariki mwaka 1950, akamwandikia kitabu kizima kwa Kiswahili kile chake kilichopigwa pasi, kama vile wengine wanavyowaandikia masultani. Hilo si jambo dogo, bwana. Wengi wetu tusingejua kuwa kuna njia ya kumwandika mtu wa chini bila kumwonea huruma.

Na habari zenyewe zimo. Vyungu vimo. Kuhamia mjini kumo, na safari ya Bombay, ambako mwaka 1928 Siti na wenzake walikwenda kutiwa katika santuri. Walioimba taarab kabla yake waliimba kwa Kiarabu. Yeye na kundi lake waliimba kwa Kiswahili cha watu wa Ng'ambo, na santuri zikauzwa pwani nzima. Shaaban anayajua haya yote.

Lakini soma tena polepole, uone kalamu inakimbilia wapi. Inakimbilia tabia. Siti alikuwa mvumilivu, Siti alikuwa karimu, Siti hakulipa ubaya kwa ubaya. Nawe msomaji jifunze. Kila kisa kikianza kunoga, mwalimu anasimama, anafuta ubao, anaandika somo. Ukifunga kitabu unamheshimu Siti kama unavyomheshimu mtu aliyechorwa ukutani. Unajua alishinda. Hujui alichoka vipi.

Chukua ile kejeli inayosimuliwa kila Siti anapotajwa. Wapinzani wake walimtungia wimbo wa kumcheka: mshamba wa kaniki, mtu asiye na chochote ila sauti. Naye akajibu kwa wimbo, kwamba uzuri wa sura si hoja. Watu wengi tunakisoma kisa hiki kama mfano wa subira na majibu ya hekima, na ndivyo Shaaban alivyotuzoeza kusoma visa vya Siti. Sawa. Lakini hebu niulize wewe kijana mwenzangu: kaniki ni nini?

Nimewauliza rafiki zangu sita, wote wasomaji. Mmoja alisema ni kanga nyeusi. Mwingine alisema nguo ya mganga. Wawili walisema nguo chakavu. Waliobaki walicheka tu. Mimi mwenyewe nilikuwa katika kundi la nguo chakavu, mpaka nilipokutana na kitabu cha Mmarekani mmoja, Laura Fair, *Pastimes and Politics*, kilichotoka mwaka 2001.

Kitabu hicho kinaeleza maisha ya mji wa Unguja kati ya 1890 na 1945: mavazi, mpira, kodi za viwanja vya Ng'ambo, taarab. Mwandishi alikaa na wazee, akawahoji, akapekua majalada. Katika sura ya mavazi utaelewa kwamba nguo ilikuwa kama cheti. Mtumwa alijulikana kwa kitambaa kabla hajafungua mdomo: vitambaa duni, merikani ghafi isiyo na rangi, au kaniki, ile iliyotiwa rangi nyeusi ya buluu. Utumwa ulipofutwa kisheria mwaka 1897, watu hawakusubiri karatasi iwaambie wao ni nani. Wanawake waliokuwa watumwa walivua kaniki, wakanunua kanga za rangi na maua, na baadaye wakavaa buibui walilokuwa wakilivaa mabibi zao.

Sasa rudi kwenye ile kejeli. Kumbe hawakumwambia Siti kwamba kavaa vibaya. Walimwambia: wewe ni mtumwa, na sisi tunakumbuka. Wakalisema hilo katika mji ambao nusu ya watu walikuwa wamejifunga kanga zao mpya, wakiomba Mungu kusitokee mtu wa kukumbuka. Na yeye, aliyezaliwa akaitwa Mtumwa, alisimama mbele ya watu hao hao akaimba. Wimbo wake wa kujibu, ambao mimi tangu darasani niliuona kama mawaidha matamu tu, ghafla ukawa na meno.

Hapo ndipo nilipotaka kumlaumu Shaaban. Mbona hukutuambia, mzee? Nikaandika hata aya tatu za hasira, kisha nikazifuta. Kwa sababu jibu lake nalijua. Mwaka 1958 hakuna msomaji wa Kiswahili aliyehitaji kuambiwa kaniki ni nini. Ukimwambia, unamtukana. Shaaban aliwaandikia watu wake, na mtu akiwaandikia watu wake haelezi yale wanayoyajua wote. Na mimi nilifanya vivyo hivyo na daftari la bibi. Sikunakili hesabu za vitumbua kwa kuwa kila mtu anajua vitumbua.

Msomaji, jambo ninalotaka kulisema leo ni hilo tu. Linalojulikana na wote ndilo linalopotea kwanza, kwa sababu hakuna anayejihangaisha kuliandika. Siri huhifadhiwa. Sifa huhifadhiwa. Nyimbo nazo zina watu wa kuziimba. Kaniki haina mtu.

Nakuja kwenye kitabu cha tatu, ambacho ni cha zamani kuliko vyote, na ambacho kwa maoni yangu kila kijana anayeandika Kiswahili angekiweka karibu na mto wake wa kulalia. Ni *Desturi za Wasuaheli*, kilichochapwa Ujerumani mwaka 1903. Jalada lilibeba jina la Carl Velten, Mjerumani, lakini mkono mkuu ndani yake unaaminika kuwa wa Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa Bagamoyo, aliyekwenda Berlin mwaka 1900 kufundisha Kiswahili. Huko alioa mwanamke wa Kijerumani. Mwaka 1905 walipojaribu kurudi huku pamoja, serikali ya koloni ikawazuia kushuka. Akarudi Berlin na mkewe, na huko ndiko alikofia mwaka 1927.

Kitabu chake hakihusu muziki peke yake. Kinaeleza mtoto anavyozaliwa, anavyopewa jina, kungwi anavyofanya kazi yake, harusi, ngoma za furaha na ngoma za pepo, adabu za kusalimiana, madeni, vyakula, kilimo, msiba. Na ngoma humo hazikukatwa zikawekwa kwenye sura ya Sanaa kama maua ndani ya chupa. Zinatokea pale zinapotokea katika maisha: mtu kaumwa, kuna ngoma, mtu kaoa, kuna ngoma, na kila ngoma ina mtu wa kulipwa na mtu wa kulishwa. Sentensi zake fupi, hazina madoido, hazikufundishi tabia njema. Anakuambia watu hufanya hivi, kisha hufanya hivi.

Kwa nini Mtoro aliandika yale ambayo Shaaban hakuyaandika? Si kwamba alikuwa hodari kuliko Shaaban, hasha. Ni kwa sababu wasomaji wake wa kwanza walikuwa Wajerumani wanaojifunza lugha, watu wasiojua lolote. Ilimlazimu aeleze kila kitu, tangu hodi. Nami nafikiri, ingawa hili ni wazo langu tu, kwamba mtu aliye mbali na kwao, katika mji wa baridi, huona thamani ya mambo ambayo angekuwa Bagamoyo angeyapita bila kugeuka.

Kwa hiyo ile lawama tunayopenda kuisema barazani, kwamba eti muziki wetu unaandikwa na wageni, tuiseme kwa uangalifu. Kweli tupu: ukitaka kujua habari za kutunza katika taarab ya Tanga, mji wangu mwenyewe, itakubidi usome Kiingereza cha Kelly Askew, *Performing the Nation*, cha mwaka 2002. Mama huyo alikaa Tanga, akapanda jukwaani mwenyewe pamoja na vikundi vya mji. Kitabu kinaeleza serikali ilivyotaka kujenga utamaduni wa taifa tangu ilipoundwa wizara yake mwaka 1962, na wananchi walivyoupokea kwa namna yao. Lakini kurasa zilizonifanya nisimame ni zile za akina mama wanaoinuka na noti mkononi. Mwanamke hatoi tu pesa kwa kupenda sauti. Anangoja ubeti unaomfaa, anainuka, anakwenda mdogomdogo kwa kucheza, na noti ile inakuwa kidole: ukumbini kuna mtu anajua anaambiwa yeye. Ugomvi unasemwa bila neno, na mwenye kulalamika hana pa kushika, maana mwenzie katunza tu.

Mimi nimeyaona hayo tangu nikiwa nabebwa mgongoni. Sikuwahi kudhani kuwa ni kitu cha kuandikwa. Askew aliuliza kwa kuwa hakujua. Na aliyeulizwa, kwa mara ya kwanza pengine, akalazimika kulisema. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone. Ila uponyaji wenyewe umekuja na masharti: uko katika lugha ambayo waliohojiwa wengi hawaisomi, na kwa bei ambayo mpika vitumbua hawezi hata kuiota. Si kwamba kwa Kiswahili hatuna kabisa. Mohamed Seif Khatib alitoa *Taarab Zanzibar* mwaka 1992. Lakini hesabu kwa vidole, uone kama utamaliza mkono mmoja.

Nina rafiki yangu mshairi, nilipomsomea rasimu ya makala hii alikasirika. "We unataka vitabu vya muziki viwe vitabu vya bei ya mchele," akasema. "Ukifuata moshi, wimbo utakupita." Nikiri, ana neno. Katika vitabu vya kitaaluma mara nyingi wimbo hugeuka ushahidi. Unasoma kurasa thelathini juu ya mwimbaji, unajua hali ya uchumi ya mtaa wake, hujui kama sauti yake ilikuwa nyembamba au nzito, wala kwa nini watu walilia. Shaaban kwa hilo yuko mbele yao maili nyingi. Yeye ni mshairi, anajua wimbo ni wimbo, na anaposimulia sauti ya Siti anasimulia kama mtu aliyeguswa, si mtu anayejaza fomu.

Kwa hiyo sisemi tuandike kila kitu. Kitabu kinachosema kila kitu ni stoo, na stoo hakuna anayeingia kwa furaha. Nasema kuna kipimo. Shika wimbo, kisha jiulize: ni kitu gani cha kila siku ambacho kikiondolewa wimbo huu unakufa? Kaniki ikiondolewa, jibu la Siti linabaki mawaidha. Noti ikiondolewa, ubeti wa mafumbo unabaki fumbo lisilo na mtu. Vyungu vya Fumba navyo, ambavyo husimuliwa kuwa alivinadi kwa kuimba njia nzima hata watu wakaijua sauti kabla hawajamwona mwenyewe, ukiviacha unabaki na muujiza: sauti iliyotoka mbinguni. Haikutoka mbinguni. Ilitoka njiani, na mzigo kichwani.

Na nani basi tumwandikie? Shaaban aliwaandikia watu wake, Mtoro akawaandikia wageni. Mimi naona mgeni wetu tunaye nyumbani. Ni yule mtoto wa dada yako anayekuuliza kaseti ni nini. Huyo ni wa kwetu, lugha yetu anaijua, na hajui lolote. Ukimwandikia huyo huwezi kuruka kaniki, na huwezi kumdanganya kwa maneno ya nyota na kinanda cha pwani, maana atakuuliza: sasa huyo bibi alikuwa anakula nini?

Mwezi uliopita nilinunua kaunta buku jipya, nikaenda kwa mama mkubwa. Yeye sasa haoni vizuri. Nikamwambia safari hii sitaki sifa, nataka hesabu. Akacheka, akaniambia mchele ulilowekwa jioni kabla ya kwenda kwenye mazoezi, ukasagwa usiku wa manane bibi alipokuwa akirudi, na alfajiri moto ulikuwa umekwisha kushika. Usiku wa taarab bibi hakulala kabisa. Nikaandika. Akaniambia sare zililipwa kwa mafungu, kila wiki kidogo, na pesa zilikaa kwenye kopo la maziwa ya unga. Nikaandika.

Nikauliza sare yao ya mwisho ilikuwa ya rangi gani. Akasema kijani. Jirani yake, mtu mzima mwenzie, ambaye naye alikuwa kikundini, akaingilia kutoka ukumbini: kijani wapi, ilikuwa samawati, tena mimi nilidaiwa mpaka nikauza kuku. Wakabishana mpaka magharibi. Hakuna picha, na daftari ambalo lingewaamua limeliwa na mchwa nyumbani kwangu mimi mwandishi.

Nimeziandika rangi zote mbili, na yule kuku.